Mama Paskalina, Nimepika Mchuzi Wako

Mama Paskalina,

Mikono yangu inanuka karanga na sitaki kuinawa kabla sijakuandikia. Nimepika. Mimi mwenyewe, Baba Paskalina wako, niliyekuwa naulizia chumvi iko wapi ndani ya nyumba yangu. Cheka kwanza, nakusubiri. Ukimaliza kucheka nina neno ambalo halitakufurahisha: nimekukatalia.

Nakumbuka ulivyosema pale hospitali, umegeukia dirishani, sauti imebaki kidogo tu. "Baba Paskalina, watoto wapeleke kwa wifi. Wewe hata maji ya chai unayaunguza." Nikaitikia kwa kichwa, maana mgonjwa habishiwi. Lakini moyoni nilisema hapana, na sasa nasema kwa maandishi. Kama huko uliko kuna baraza la kushtaki wanaume wakaidi, nishtaki. Nitakuja kujibu zamu yangu ikifika.

Ngoja nikueleze tangu tulipokulaza kijijini Daudi. Matanga hayajaisha, ndugu wakakaa kugawana watoto. Tluway aende kwa dada Dorothea, kwa kuwa bado mdogo wa kubebwa. Basili aende kwa Baba Mkubwa akachunge ng'ombe. Paskalina aende Masieda kwa mama yako. Watoto watatu, nyumba tatu, na mimi nirudi huku kambini Hanang peke yangu kuendesha kombaini kwenye ngano ya serikali. Nilipokataa, Baba Mkubwa akatoa njia ya pili, tena kwa upole kabisa, akidhani ananisaidia. "Msichana yupo. Aache shule, awapikie wenzake."

Mama Paskalina, huyo mtoto yuko darasa la sita. Wewe uliuza kuku wako wa mayai ili apate sare. Nikasimama mbele ya wazee, mimi ambaye huwa sisemi vikaoni, nikasema nitapika mwenyewe. Kikao kizima kikacheka. Dada Dorothea hakucheka, alinitazama kama ninavyotazama gia iliyokatika meno. Akasema, "Mwanaume na jiko, wapi na wapi?" Baba Mkubwa akanipa muda. Ngano ikianza kutoa masuke watakuja kambini. Wakikuta watoto wanakula makombo ya majirani, wanawachukua wote, na hapo hakuna mjadala. Akamalizia na ile ya wazee wote, asiyesikia la mkuu huvunjika guu.

Tukarudi kambini. Wiki za kwanza tulikula ugali na maziwa, ugali na maziwa, mpaka Basili akauliza kama sasa sisi ni ndama. Ndipo nikaamua kama ni kupika, nipike mchuzi wako wa karanga. Kambi nzima inaujua ule mchuzi. Nikiuweza huo, nani atasema siwezi maharage?

Nilidhani ninaujua, maana nimeusikia ukipikwa miaka yote nikiwa nimekaa mlangoni na redio yangu. Namkumbuka Mama Efua, mke wa yule mtaalamu wa mbegu kutoka Ghana, akikuonyesha kwa mikono kwa sababu Kiswahili chake kilikuwa kidogo na Kiingereza chako kilikuwa hakuna. Mlikuwa mnacheka tu, nikafikiri hakuna kinachofundishwa. Yeye alitia kuku. Wewe ulianza bila kuku kwa sababu ilikuwa Kwaresima, na Pasaka ilipofika ukakataa kumrudisha. "Nyama itaupigia kelele," ulisema. Hata miaka ile mafuta ya kula yalipopotea madukani, na duka la kambi limebaki na viberiti na chumvi ya mawe, sufuria yako ilikuwa na mafuta yanayong'aa juu. Watu walikuja kuuliza unayapata wapi. Karanga, uliwaambia, karanga zina mafuta yake zenyewe.

Sasa sikia ujinga wangu. Nilikaanga karanga zile za Singida ulizoacha kwenye debe. Nikazipepeta kwa ungo wako, kuku wakala robo. Nikaangalia zilizobaki, nikaangalia kinu, nikasema mtu mzima anayeendesha kombaini hawezi kutwanga kana kwamba hakuna mashine. Nikazipeleka mashine ya kusaga. Msagaji akaniambia, "Baba, hii ni ya mahindi, karanga zitaganda." Nikamwambia mimi ndiye fundi hapa. Nikamimina mwenyewe.

Zikaganda. Mashine ikalia kama ng'ombe aliyekwama kwenye tope, halafu ikanyamaza. Kina mama wamepanga madebe ya mahindi mpaka barabarani, na mimi nimelala chini na spana nachokonoa chekeche, siagi ya karanga mpaka kwenye masikio. Hakuna aliyenisema. Walijifunika midomo kwa kanga, na mabega yao yanatikisika. Ningekuwa na wewe pale ungenifuta uso na ungekuwa wa kwanza kusimulia bombani.

Kwa hiyo kikabaki kinu. Sixtus wa trekta, jirani yetu, akaja kunishauri kiume. Kama lazima nitwange, basi nikiweke nyuma ya nyumba, karibu na choo, watu wasinione. Au anitumie mke wake. Alinishauri vizuri, na ni rafiki. Lakini niliudhika, Mama Paskalina, niliudhika sana. Wewe umetwanga miaka yote mbele ya watu na hakuna aliyekuonea haya. Kazi ikiwa ya heshima mikononi mwako, inageukaje kuwa aibu mikononi mwangu? Nikakibeba kile kinu, na unajua kilivyo kizito, nikakipeleka mbele ya nyumba kabisa, njia ya watu wote wa zamu. Nikatwanga. Madereva wakapita na trela wakipiga honi. Wakaniita Mama Kambi. Nikawajibu "Abee!" kwa sauti kubwa kuliko honi zao, wakaona haina utamu.

Sufuria ya kwanza niliiunguza. Nilitupa karanga zote kwa mpigo kwenye maji yanayochemka, zikafanya mabonge, nikachochea moto badala ya kuchochea mwiko. Tulikula hivyo hivyo. Basili akanusa, akasema, "Baba, mchuzi unanuka breki za kombaini." Paskalina akacheka. Tluway akacheka kwa kuwa dada yake amecheka. Nilikuwa sijasikia kicheko ndani ya nyumba hii tangu tukuzike, nikatoka nje nikijifanya naenda kuleta kuni. Nililia kwenye rundo la kuni, kama unataka kujua. Halafu nikarudi na kuni kweli.

Mara ya pili Paskalina akanikumbusha ulikuwa unazikoroga pembeni kwanza na maji ya uvuguvugu. Nilimwambia akumbuke tu, mikono yake ishike daftari. Mara ya tatu nikajua kwamba viazi vitamu vinatangulia na mchicha unakuja mwisho. Mengine nilikusikia wewe mwenyewe, nikiwa nimesimama na mwiko. "Usiukimbilie. Mafuta yakipanda juu, hapo umeiva." Mama Paskalina, mafuta hayo yanachelewa! Nikiwa na njaa nilikuwa nakulaumu kwamba unapiga soga. Kumbe ulikuwa unayasubiri.

Ngano ikatoa masuke. Jumapili hii iliyopita, ibada imetoka tu, nikawaona wanashuka kwenye lori la kambi. Baba Mkubwa na fimbo yake, dada Dorothea na kikapu. Begani amekunja kanga mpya, ya kumbebea Tluway. Niliielewa ile kanga. Sikuonyesha. Shikamoo Baba Mkubwa, shikamoo dada, karibuni, kaeni. Watoto wakaamkia vizuri, wamenawa, nywele zimechanwa. Tluway akajificha nyuma ya suruali yangu, mkono umeshika mfuko.

Habari za ugeni zilikuwa zimetangulia, na Sixtus alikuwa ameniletea paja la mbuzi asubuhi, ili nisiaibike kwa wazee. Nilimshukuru, nikamrudishia. Sikufanya kwa kiburi, au labda kilikuwa kiburi kidogo. Nilitaka wale kile unachopika wewe.

Nikasonga ugali mbele yao. Nikapakua na mchuzi. Baba Mkubwa akaangalia bakuli, akageuza tonge mara mbili kutafuta kitu. "Nyama iko wapi?" Nikasema, "Haipo, Baba Mkubwa. Hivi ndivyo alivyopika mwenyewe." Akala. Akamega tonge lingine. Dada Dorothea alionja kwa ncha ya kidole kama anaonja dawa ya mifugo, akasema, "Tangawizi umezidisha." Kweli nilizidisha. Lakini alilivuta bakuli karibu.

Nikaona bora niseme watu wakiwa na chakula mdomoni. Nikawaambia: njooni siku yoyote, bila taarifa, bila hodi. Mkikuta mtoto hata mmoja amelala njaa, au Paskalina ameacha shule kwa ajili ya jiko, wachukueni wote na mimi mnichape. Lakini msiwatawanye. Mama yao amekufa mara moja, msiwafanye waachane na kila mtu. Na fimbo ya mbali haiui nyoka. Akiugua Basili kule Daudi, mimi niko huku juu ya kombaini, nitamfanyia nini?

Baba Mkubwa alinawa mikono, akatoka kwenda kuangalia ngano, akakaa huko muda mrefu. Dada Dorothea akaanza kukusanya vyombo, nikamzuia, akanipiga mkono. "Nimekulea wewe," akasema, "leo sahani tu unaninyima?" Basi tukaosha pamoja. Nilimwona akimtazama Tluway aliyekuwa anafuta sufuria kwa kidole na kulamba. Macho yake yalijaa machozi. Usimchukie wifi yako. Alikuwa ameshamtandikia na kitanda.

Lori lilipopiga honi, wakapanda wawili, kama walivyokuja. Baba Mkubwa akaniambia kutoka juu, "Tutakuja bila hodi, usisahau." Nikajibu sisahau. Nilipoingia ndani niliiona kanga juu ya kiti, imekunjwa vizuri. Nikakimbia nayo nje nikimpungia, nikidhani ameisahau. Dada akageuza uso upande wa mlima na hakunyoosha mkono mpaka lori likapotea kwenye vumbi.

Jioni ile watoto walipolala, nilikula ukoko wa sufuria nimesimama, kama ulivyokuwa unafanya. Siku zote nilikuuliza kwa nini hukai chini ule kama watu. Hukuwahi kunijibu. Mwenzangu, ulikuwa umechoka, na ule ukoko ndiyo sehemu tamu kuliko zote. Ulikuwa unajipa mwenyewe. Hilo nimelijua nikiwa mjane, na linaniuma.

Najua ulisema vile kwa huruma, ili nisihangaike. Ahsante. Sikuitaka huruma hiyo, ninataka kuhangaika nao. Ukinisikia nalalamika, usiniamini.

Lala, Mama Paskalina. Tukivuna nitakuja Daudi na watoto wote watatu kwa pamoja, waliotoka nyumba moja, na tutafagia kaburi lako. Paskalina atamaliza darasa la saba. Tangawizi nitapunguza. Na kinu kimebaki pale pale mbele ya nyumba, kwenye njia ya zamu. Hakirudi nyuma.

Mimi mumeo,
Baba Paskalina