Mama Anataka Tumlee Mtoto wa Mfungwa Mwenzake

Makamaradi wasikilizaji, ninyi mnaodai haki barabarani na kuisahau jikoni kwenu, tegeni sikio. Leo tumeandikiwa na dada yetu wa kitivo cha sheria.

“Mpendwa mshauri, nisaidie kabla sijamvunja moyo mama yangu, maana ametoka gerezani juzi juzi na bado akifika mlangoni husimama akisubiri afunguliwe, nami humtania, ‘Mama, sukuma tu,’ tukacheka, na tulikuwa tumeanza kuzoeana upya, ila jana akikunja nguo akanieleza kwamba mwenzake wa seli moja alijifungua mtoto wa kike mle mle, na binti huyo, ambaye wafungwa humwita Bibi Jela kwa jinsi anavyowaamrisha, wamemlea kwa zamu, huyu anamsuka, yule anamshonea gauni kwa vipande vya sare, na mama ndiye aliyemfundisha kutembea, sasa amepita umri ambao mtoto huruhusiwa kuishi mle na mamaye na jamaa zake wamemsusa, kwa hiyo mama anaomba tumlee hadi mwenzake atoke, alale nami kitandani, lakini si kitanda kinachoniuma, mshauri, mimi nilivunja ungo kwa shangazi, nikafaulu mitihani kwa shangazi, huku mama yangu akimwimbia mtoto wa mwenziwe, na amesema nikikataa basi, neno langu ndilo la mwisho.”

Dada yangu, usiuonee haya wivu wako. Hakuna hakimu aliyekuhukumu, ila kifungo umekitumikia. Lakini wewe msomi wa sheria, unamshtaki nani? Aliyekupokonya mama ni ukuta, si mtoto. Na nyimbo zile unadhani mama alijifunzia gerezani? Ni zako hizo. Alimwimbia aliyekuwepo ili asimsahau asiyekuwepo.

Wahenga walisema uchungu wa mwana aujuaye mzazi. Uchungu wa kumkosa mzazi, je, anaujua nani hapo nyumbani kukushinda wewe?

Basi kaa karibu na mama, umwambie yote uliyoniandikia, bila kupunguza ukali wala machozi. Dai saa zako za kuwa naye peke yako. Ni haki, si deko. Kisha mpokee mdogo wako.

Makamaradi, kinachofuata si maandamano. Jumamosi ni siku ya kuwatembelea wafungwa: tukutane saa tatu asubuhi langoni pa gereza la wanawake, kila mmoja na sabuni na taulo za kike. Nawe dada, njoo na mama yako. Mbeleko uishike wewe.