Sauti Yangu Imo Kwenye Wimbo, Mimi Sikuwepo

Mshauri mpendwa, naomba msaada, na ujue kabisa kwamba wewe ni mtu wa kwanza ninayemwomba, maana mimi tangu nizaliwe huwa naombwa. Mimi ni dalali wa mnada sokoni, nauza masufuria, mashuka na magodoro, shule niliiacha darasa la sita kwa sababu mwalimu alichoka kunijibu, na watu wananiita Spika kwa ajili ya sauti. Sauti hii si mchezo. Siku moja nilinadi beseni, lori likasimama barabara ya pili, dereva akashuka kuuliza nani kamwita. Muulize yeyote.

Sasa, binti wa dada yangu, ambaye ni fundi cherehani wa sare za shule, anaimba hip hop, jina lake la jukwaani Sindano, na mwaka huu tulimpeleka mama yake, yaani huyo dada yangu, zahanati kuchukua dawa ya presha, tukaambiwa kwa mara ya nne dawa hakuna, nami nikapandisha sauti: "Kabati lina kufuli tatu na ndani kuna mende mmoja! Huyo mende ana walinzi wengi kunishinda mimi!" Foleni nzima ikacheka, hata nesi, kumbe mpwa wangu ananirekodi kwa simu, jioni akaniuliza, "Mjomba, nataka kuyaweka maneno yako mwanzo wa wimbo wangu, unaruhusu?" nikamwambia weka hata mara mbili.

Wimbo ukatoka, unaitwa "Kabati Tupu", ukawaka. Unaanza na mimi, halafu yeye anaingia: "Kabati tupu, funguo tatu, mgonjwa mmoja, saini za watu saba, niambie mkubwa, unalinda dawa au unalinda hewa?" Baada ya wiki mbili baraza la mji likazikataza redio kuupiga, eti unachochea, wengine wakasema binti hana adabu, wengine wakaufanya mlio wa simu, na mimi hapo katikati nikavimba kama andazi, nikasema mashairi yote nimemtungia mimi, nikasema hata ngoma niliipiga mwenyewe kwa sufuria namba kumi.

Ndipo wakaja mnadani watu wawili wa baraza na faili, mpwa wangu amesimama hapo hapo kaniletea shati alilonishonea kifungo, wakauliza, "Wewe ndiye unayesikika mwanzo wa ule wimbo?" Mshauri, sauti ikanitoka kama ya kifaranga. Nikasema, "Mimi? Mimi nikiita watoto wangu hata hawasikii." Muuza mapazia wa meza ya pili akaangua kicheko, akajifanya anakohoa. Mpwa wangu akasema, "Wimbo ni wangu, niulizeni mimi." Wakamwita ofisini Jumatatu.

Dada yangu presha ikampanda, nikamwambia tulia kitandani, mimi kaka yako nitakwenda kukaa na mtoto mpaka mwisho. Jumatatu nilivaa koti, nikatembea vizuri tu mpaka kona ya ile ofisi, nikaliona geti, miguu ikageuka yenyewe, nikajikuta stoo ya soko nyuma ya magodoro, simu nimezima, mpaka saa tisa alasiri muuza mapazia aliponivuta mguu: "Toka, Spika. Mtoto kaachiwa, hana kosa, na wimbo umeruhusiwa." Nilivyopumua! Nililia mpaka godoro likalowa, ikabidi nilinunue.

Kutoka tu, mdomo ukanitangulia, nikatangaza kwamba nilikaa naye, nikambana mkubwa wao kwa hoja saba mpaka akaomba maji. Dada yangu akanishika mikono yote miwili akilia, "Kaka, bila wewe mtoto angekuwa peke yake." Mpwa wangu alikuwepo, akainamisha kichwa, kisha mlangoni akaniambia, "Mjomba, Jumapili naimba ukumbi wa shule, njoo useme maneno yako mwenyewe. Mama naye atakuja." Mshauri, nina raha, mtoto yuko salama, zahanati imeletewa dawa, nalala nakoroma, ila ile mikono ya dada yangu bado naisikia kwenye yangu. Nipande jukwaani? Au niseme koo linauma? Na nikisema ukweli, dada yangu ataniamini tena na mtoto wake?

Spika, dalali wa mnada

*

Spika,

Pumua tena, hata mimi nimepumua. Binti yuko nyumbani, wimbo unapigwa, kabati lina dawa. Mambo mazito yamepita bila msaada wako. Yaliyobaki ni mepesi, na ni yako.

Sikulaumu kwa kuogopa. Mageti ya namna hiyo yamewageuza watu wenye digrii. Nakulaumu kwa zile hoja saba. Hofu ilikujia yenyewe, lakini uongo uliutunga ukiwa umeshatoka hatarini, tena mbele ya binti aliyeshinda mle ofisini peke yake. Sasa kila mama yake anapokushukuru, yeye ndiye anayeinamisha kichwa.

Halafu, nimesoma barua yako mara mbili nikitafuta alichokusimulia kuhusu siku ile. Sikukiona. Hukumuuliza, bwana mkubwa! Wale watu walikuja sokoni kutafuta sauti, kwa hiyo ofisini walimuuliza ni ya nani. Na hakuna aliyekufuata. Jipe jibu mwenyewe.

Basi nenda kwa dada yako kesho, usingoje Jumamosi, akiwa ameshakula na kumeza dawa yake, na binti awepo. Sema hivi: "Sikufika. Niliogopa, nikajificha stoo." Ishia hapo. Usiongeze lori wala dereva wake. Akikasirika, mwache akasirike, ana haki. Kisha mgeukie mpwa wako, umwombe radhi, umuulize siku ile ilikuwaje, na ufunge mdomo mpaka amalize, hata ikichukua mchana kutwa. Sokoni waambie mashairi ni ya binti. Usihofu kuaibika, muuza mapazia bila shaka ameshalisimulia soko zima habari za godoro lako, na bado wanakuja mnadani.

Jumapili panda jukwaani. Maneno ya mende ni yako kweli, uliyasema kwa uchungu wa dada yako mgonjwa. Yaseme kwa sauti yako yote, kisha shuka, mwachie mtoto wimbo wake, uende pale alipokaa dada yako.

Umeniuliza kama atakuamini tena. Mimi sijui, na haraka hiyo usiwe nayo. Asipokusogezea kiti, simama nyuma yake mpaka wimbo uishe. Akikusogezea, kaa, na usiseme neno.