Kikapu cha Mama Mkwe

Jumanne, baada ya chakula

...na bado sijui nani amekosea leo, mume wangu au mama yake.

Mama mkwe alikuja kutoka Nyakanazi, mkono umevimba baada ya kuanguka. Hospitalini aliweka kikapu chake kwenye foleni, kama tunavyofanya dukani kijijini tukisubiri sukari, akawa wa tatu. Deo wangu, ndiye daktari wa zamu, akatoka na koti lake jeupe (anapendeza mno), akawapita wote. Akamgusa miguu mtoto aliyefika mwisho, amelala kimya mgongoni mwa mama yake, akaikuta baridi, akamwingiza huyo kwanza.

"Deo, nimekuzaa na foleni nimepanga," mama mkwe akasema mbele ya watu. "Kipi hapo hukukiona?"

"Mama, wewe una nguvu za kunigombeza. Yule hana hata za kulia."

Watu wakacheka. Mama mkwe hakucheka. Alipokwisha kufungwa mkono akapanda lori la mizigo, akakataa hata uji wangu.

Mtoto yu hai. Nilijivunia Deo hadi machozi, kisha nikamwonea mama mkwe huruma. Kisha nikamuuliza Deo, siku nikiumwa mimi nikapiga kelele, utaniacha nisubiri? Akasema ndiyo, akanibusu. Sijui nifurahi au ninune.

Wiki tatu tu za ndoa, na mama mkwe tayari...

Hapana. Petroli inakwenda vitani na mabasi ni ya kubahatisha, lakini kabla mwezi haujaisha nitafika Nyakanazi. Nitapiga magoti, nitasema shikamoo, nione kama ataitikia.