Msimu Ambao Baba Alitutafsiria

Jumamosi. Mvua tangu asubuhi hapa mtaani Kamalondo, umeme upo, na mimi nina hofu.

Wiki tatu nimeutafuta mtandaoni mchezo wa televisheni ambao mama na baba walikuwa wakiutazama nilipokuwa mdogo. Kazi ilikuwa ngumu, maana nyumbani tuliuita "ule wa Helena" tu. Jina lake la Kifaransa alilijua baba, na baba ameshafariki. Nikaandika kila nilichokumbuka: nyumba kubwa, farasi mweupe, wakili mwenye kovu. Jana nikaupata! Msimu mzima, mtu kaupandisha kutoka kwenye kaseti zake. Nilipiga kelele mpaka jirani akaja kuuliza kulikoni.

Mama hajui Kifaransa. Zamani aliyemtafsiria ni baba, fundi cherehani aliyesoma kwa mapadri. Sasa kazi hiyo ni yangu, kwa hiyo jana niliutazama kwanza peke yangu, nijiandae.

Baba alidanganya.

Kwenye sehemu ya tisa mtoto wa Helena anakufa kwa homa. Baba alituambia amepelekwa Ubelgiji kusoma. Nakumbuka vizuri, kwa sababu nilimwonea wivu yule mtoto. Mwaka ule ndio tulikuwa tumemzika mdogo wangu, Musa. Nimeelewa jana tu, na nimelia sana.

Nikaamua kuuendeleza uongo wa baba. Leo tumekaa, simu nimeiegemeza kwenye birika la chai, na mama hakutaka hata tuanze mwanzo.

"Tuanzie pa mutoto," akasema.

Basi nikaanza: anaenda Ubelgiji, mjomba wake anamsubiri huko. Mama akanishika mkono.

"Zaina, bantu banavaaka nyeusi juu ya mutoto iko anaenda ku masomo? Nilijuaka tangu siku ile. Baba yako alikuwa anatafuta sana maneno, sikupenda kumukatisha."

Kisha akaugusa uso wa Helena kwenye simu.

"Sasa uniambie. Ule mama, alisema nini pale ku kaburi?"

Miaka yote hii ametaka kujua hilo, na hakumuuliza mtu.

Nimeomba dakika chache nijikaze, ndiyo maana naandika haya mbio mbio. Bado naogopa, lakini narudi ndani. Nitausimamisha mchezo kila baada ya sentensi, na nitamwambia neno kwa neno alichosema mama aliyezika mtoto.