Bado, Juu Kidogo ya Kibirichia

Jumatatu, 8 Septemba 2025

Bado ya pili! Jamani, Bado ya pili! Gichovi amenitumia picha kwa simu saa nne asubuhi, nikapiga kelele mpaka sekretari akaja mbio akidhani nimeona nyoka. Miaka kumi na minane nimesema palikuwa na soko la ng'ombe likiitwa Bado, juu kidogo ya Kibirichia, kwa sababu ramani ya 1921 imeandika hivyo. Kitabu changu ni Bado. Uprofesa wangu ni Bado! Na sasa Gichovi, mwenzangu wa idarani, mtu wa Embu, mbishi asiyechoka, amepata kipande cha kusini cha ramani hiyohiyo. Karibu na Kianjokoma pameandikwa — Bado. Yaani njia nzima ya wachuuzi wa ng'ombe, Meru hadi Embu!

Mhadhara wangu wa uprofesa ni Alhamisi. Hii ndiyo slaidi ya kwanza. Nimenunua viatu vyekundu. Mimi, Nadhira binti Idrisi, mtoto wa bucha!

Jumanne, 9 Septemba

Nilimpelekea Mama ramani buchani, Meru mjini. Nilijua atafurahi. Akafuta mikono, akavaa miwani, akauliza hii Bado ni nini. Nikamweleza soko, ng'ombe, njia, mikono yangu ikiruka kama ya mpiga mnada. Akanionyesha kwa kidole ubao wake. Nyama ambayo daktari wa mifugo ameshaipima hupigwa muhuri. Ambayo hajaipima, Mama huandika kwa chaki: Bado.

Akasema huyo karani aliyechora ramani alikuwa hajafika huko kupima. Ameandika tu bado, mwanangu.

Nikacheka. Halafu nikaacha kucheka.

Msimamizi wangu wa tasnifu, Mwingereza, alisema ni jina la mahali, nami nikaitikia. Mimi! Niliyezaliwa na Kiswahili mdomoni!

Jumatano, 10 Septemba

Gichovi ameleta ramani yote. Nimehesabu. Bado ziko kumi na moja. Moja iko katikati ya mto. Moja iko juu ya barafu ya Mlima Kenya! Soko la ng'ombe kwenye barafu! Nilijifungia chooni nikacheka mpaka machozi yakaharibu wanja, na katikati ya kicheko nikaogopa sana. Nikisema ukweli kesho, nimejivua uprofesa mbele ya watu mia tatu. Nisiposema, mimi ni mwongo mwenye joho.

Gichovi naye ameiona ile ya barafuni. Akaniuliza kwa upole kabisa kama wale ng'ombe walivaa soksi. Atakaa mstari wa mbele. Alaa!

Kisha Mutembei akapiga simu. Huyu ni mwenyekiti wa Bado — maana Bado ipo sasa! Nilipohojiwa redioni miaka ile, watu wa njia panda moja ya kuuzia viazi, juu ya Kibirichia, walilichukua jina. Kuna Bado Shule ya Msingi. Kuna Bado Hoteli, nimekula huko, na chapati zilikuwa tayari. Mwezi ujao wanafungua Zahanati ya Bado. Mutembei amesema wanakuja na basi zima kumsikia profesa wao. Nikasema karibuni, karibuni sana. Ningesema nini?

Alhamisi, 11 Septemba

Saa nane na nusu. Naandika nyuma ya pazia, na bado nacheka kama mwendawazimu. Mutembei alikuja kunisalimia, kofia mkononi. Nikamshika mkono nikamwambia yote kwa pumzi moja: karani, chaki, barafu. Akanitazama kwa huruma.

"Profesa, kwani unafikiria sisi hatujui Kiswahili? Tulijua hiyo siku ya redio. Tulicheka wiki mzima. Lakini kabla yako tulikuwa tunaitwa tu 'huko juu'. Wewe sema chenye unataka. Sisi hatuhami."

Akarudi kukaa karibu na Mama. Mama anampa njugu!

Emsii anasoma wasifu wangu. Ati "mgunduzi wa soko la kale la Bado". Watu wa basi wanapiga vigelegele, wanakanyaga sakafu. Gichovi amekunja mikono, anatabasamu. Slaidi ya kwanza imeshawaka ukutani, sikuibadilisha, na wameanza kuita Na-dhi-ra, Na-dhi-ra, nami sijui sentensi yangu ya kwanza ni —