Sungura wa Lodi Harcombe

Thornley, Mei 4, 1879

Mwanangu Ambrose,

Hujambo, baba? Mafua yamepungua? Moshi wa London si wa kuchezea, vaa ile flana niliyokushonea. Mimi mzima, goti tu linanisumbua mvua ikinyesha. Wapangaji wetu wote wanakusalimu.

Nimekusifu tena kanisani. Nilimwambia mke wa mchungaji, "Mwanangu akisimama bungeni, hata mawaziri huacha kukohoa." Akaniuliza, "Kwani ameshasimama?" Yule ana wivu. Ana wana wanne, na hakuna hata mmoja aliyechaguliwa kuwa chochote.

Sasa sikia. Sungura wamemaliza shamba la mpangaji wetu Jabez, ngano imebaki kama kichwa kilichonyolewa. Kodi anatulipa sisi, lakini kumgusa sungura haruhusiwi, kwa kuwa marehemu baba yako alimpa yule kabaila, Lodi Harcombe, haki ya uwindaji katika ardhi yetu. Jumamosi nikachukua bunduki, nikampiga mmoja, nikamning'iniza langoni kila apitaye aone. Mlinzi wa Lodi akaja mbio. "Bibi, huyo ni mali ya Lodi." Nikamwambia, "Basi mwambie Lodi aje alipe kilicholiwa na mali yake."

Uliniandikia kwamba upo muswada wa kumruhusu mkulima aue sungura shambani mwake. Simama uutetee.

Mama yako

London, Mei 9

Mama mpendwa,

Shikamoo. Mafua yamekwisha, pole na goti.

Nakusihi, mshushe huyo sungura. Kiti hiki nilikipata kwa mkono wa Lodi. Jana alinishika bega akasema, "Kijana, siku ya kura ya muswada huo utakuwa mgonjwa." Nadhani nitakuwa mgonjwa. Nikipoteza kiti, nitamsaidia Jabez kwa kitu gani?

Mwanao, Ambrose

Thornley, Mei 12

Ambrose mwanangu,

Goti halijambo. Ugonjwa wa kuagizwa ndio sijapata kuusikia, nami nimezaa na kuuguza.

Sungura nimemshusha. Tumemla na Jabez na mkewe, kwa vitunguu. Nimening'iniza mwingine.

Umekaa bungeni miaka mitano umenyamaza, na hao kina Jabez umewasaidia kwa kitu gani? Mimi binti wa msaga unga, shule yangu ndogo, lakini hesabu hiyo naiweza. Tena wapangaji wote nimeshawaambia kwamba utasema. Ukinyamaza, kitanda chako nitakitandika vilevile. Ila utaingia kwa lango la mbele, Jabez akikutazama.

Mama yako

London, Juni 20

Mama,

Shikamoo, na unisamehe kimya. Siku ya kura nililala kama nilivyoagizwa. Alasiri nikaamka, nikavaa, nikaenda.

Nilisema machache. Mmoja akaniita Mbunge wa Sungura, ukumbi mzima ukacheka. Niliendelea hadi mwisho. Kura tumeshindwa. Lodi sasa atamsimamisha mpwa wake uchaguzi ujao, na anataka nitangaze mwenyewe kwamba sigombei. Nifanyeje?

Mwanao, Ambrose

Thornley, Juni 25

Mbunge wangu,

Salamu nyingi. Leo sina ugonjwa wowote.

Barua yako nimeisoma kwa sauti, wapangaji wamejaa jikoni. Pale pa kucheka sikupasoma. Mke wa mchungaji nimempelekea habari nyumbani kwake, asihangaike kuniuliza.

Lodi alikuja jana juu ya farasi, hakushuka. "Mama, mshauri mwanao aondoke kwa heshima. Kiti kile nilimpa mimi." Nikamjibu, "Kama ulimpa wewe, mnyang'anye wewe. Mimi nilimpa ulimi, na ndiyo kwanza ameanza kuutumia."

Usitangaze kitu. Kura ya uchaguzi siku hizi ni ya siri, Lodi haoni mkono wa mtu. Leo asubuhi nimeanza kuzunguka milango, na nimeanza na wapangaji wake mwenyewe. Wa kwanza alitazama barabarani kulia na kushoto. Kisha akanivutia kiti.

Mama yako