Kulwa Niliyemfungia Mlango

Baba mpendwa,

Mwangaluka, Baba. Naanza kwa salamu ya nyumbani kwa sababu najua ningeanza kwa maneno ya chuo ungeniuliza, kama ulivyozoea, iwapo nazungumza nawe au na mwajiri. Barua hii naiandika wazi, mbele ya watu, kwa kuwa kosa ninaloliombea msamaha nililisimulia mbele ya watu, tena kwa majivuno. Haingekuwa haki kuliombea radhi kwa kunong'ona.

Unakumbuka niliporudi Bariadi na shahada yangu ya mipango, nikiwa nimeibeba katika bahasha ngumu isije ikapata mkunjo. Miezi ikapita. Kila asubuhi nilituma maombi ya kazi, na kila alasiri, jua linapokuwa kali hata kuku wanaacha kutembea, nilifungua kompyuta yangu na kucheza ule mchezo wa watu waliofukiwa chini ya ardhi. Wewe ulikuwa umekaa kwenye kiti chako cha kamba karibu na dirisha, kifua kikikohoa vumbi la mawe ulilolivuta kwa miaka yote ya kuchimba visima, kutoka Kasoli hadi Shishiyu. Ulinitazama siku tatu. Siku ya nne ukasogeza kiti.

"Hao watu wako wanachimba, lakini sioni wakitoka jasho," ulisema.

Nilikueleza kwa ufasaha, kana kwamba natetea tasnifu: kwamba hawa ni watu kumi, kwamba kazi ya mchezaji ni kuwapangia wachimbe wapi, walale wapi, wale nini na wavute hewa gani, na kwamba msimamizi akikosea hesabu ya hewa au chakula, wote hufa. Ulisikiliza mpaka mwisho. Kisha ukanyoosha kidole kwenye chumba cha chini kabisa, ukiniita mayu, yaani mama, kama ulivyoniita tangu utotoni.

"Hapo pataua mtu. Hewa mbaya ni nzito, mayu. Inashuka kama maji. Toboa chini zaidi, ipate pa kushukia."

Nilicheka kwa adabu. Baada ya muda mfupi watu wawili walizirai katika chumba hicho hicho, nami nikatoboa chini kama ulivyosema. Tangu siku hiyo sikucheza peke yangu tena.

Mama alipita na ungo wake akasimama mlangoni. "Mzee mzima! Visima vyenyewe umeviacha, sasa unachimba vya umeme?"

"Vya umeme havina matope," ulimjibu. "Na fundi wake ana shahada."

Kiingereza cha mle ndani hukukijua, lakini ulizijua picha: sururu, kitanda, taa, jiko. Lililokukera ni majina. Mchezo ulikuwa umewapa majina ya kigeni, nawe ulisema huwezi kumwamrisha mtu ambaye hujui ni wa nani. Nikakuonyesha namna ya kuyabadilisha, ukayaandika mwenyewe, herufi moja moja, kwa kidole kimoja. Limi, mama yako. Mbula, shangazi yako. Shija. Masunga, aliyekufundisha kupima udongo kwa kuuonja. Kulwa, pacha wako, yeye wa kwanza na wewe Doto wa pili. Uliendelea hadi wakatimia kumi, na wote kumi walikuwa marehemu. Nilipokuuliza kwa nini usimwandike Mama, au mimi, ulinitazama kama mtu aliyeulizwa swali la kitoto.

"Ninyi mna kazi gani chini huko? Hawa wako chini tayari. Ngoja tuwatunze."

Uliwawekea pia sheria yenu ya kisimani, ambayo mimi niliiona kama mzaha: walio juu hawali wakati kuna mtu chini. Ulisema katika kundi lenu, hata ugali ungepoa, hata mwenye kisima angekasirika, hakuna aliyegusa chakula mpaka fundi wa mwisho apande, anawe, aketi. Nikakueleza kwamba kwa mpango huo watu wetu wangepoteza saa nyingi za uzalishaji. "Ndiyo," ulisema, "tulikuwa tunapoteza sana," ukacheka mpaka kikohozi kikakukatiza.

Sasa nafika kwenye mlango.

Ilikuwa msimu wa pamba. Malori yaliyosheheni marobota yalikuwa yakipita barabarani tangu asubuhi. Kulwa alikuwa anachimba handaki la chini alipotoboa mfuko wa gesi ambao sote wawili hatukuuona. Gesi ilikuwa na msukumo, ikaanza kupanda kuelekea vyumba vya kulala. Wewe ulisimama. Nilikuwa na sekunde chache, nami nikafanya kile nilichofundishwa: nikapima wangapi wako juu na wangapi wako chini, nikabonyeza mlango wa handaki, nikaufunga. Gesi ikabaki huko. Kulwa akabaki huko pia.

"Tisa wamepona," nilisema. Naona aibu kuandika kwamba nilikugeukia nikisubiri unipongeze.

Hukunitazama. Ulikuwa unaangalia alama ndogo ya mtu aliyelala kwenye giza la kona ya chini.

"Kulwa umemfungia mlango?"

"Baba, ni mchezo tu. Na ndiyo ulikuwa uamuzi sahihi."

"Haya," ulisema. Ukachukua fimbo yako ukatoka nje. Nilikusikia ukikohoa kule kwenye kivuli cha nyumba. Hukurudi kwenye kiti kile kwa wiki nzima, nami kwa wiki nzima nilikuwa na maneno ya kuomba radhi ambayo niliyaona ni ya kijinga kumwambia mtu mzima kwa sababu ya mchezo. Nilijua Kulwa alikuwa pacha wako. Nilijua alikufa kabla sijazaliwa, kwa kile ambacho nyumbani kiliitwa ajali ya kazi. Zaidi ya hapo sikuwahi kuuliza, na huo ndio uvivu ninaoujutia kuliko mwingine wowote, kwa sababu nilikuwa na muda.

Kisha ukaja wito wa usaili Dodoma. Kifua chako kilikuwa kimebana, na nilisema nitaomba waniahirishie. Ulikataa. Ulivaa shati lako la kanisani ili tu unisindikize hadi getini, ukaniambia umepata nafuu. "Nenda, mayu. Nimelala vizuri." Uliniomba kitu kimoja: niiache kompyuta. Nilifurahi. Nilidhani umenisamehe, au umechoka kukaa bure.

Wasaili walikuwa watano. Niliingia nikatoka nimejibu kila swali, na nilipofika kituo cha basi nikakupigia simu. Sauti yako ilikuwa ya chini lakini changamfu kuliko nilivyoisikia kwa miezi mingi.

"Umewaambia nini?"

"Mambo ya uongozi, Baba. Wamefurahi sana."

"Ni hayo tu?"

"Ni hayo tu."

"Haya. Tafuta chakula. Leo watu wanaweza kula."

Nilidhani ugonjwa umekuchanganya maneno. Kesho yake, basi likiwa bado halijafika Shinyanga, Mama alinipigia. Sitaandika alichosema, kwa kuwa yeye naye atasoma barua hii.

Tulikuzika Kasoli. Siku ya tatu ya matanga, wanawake wakichambua mchele nyuma ya nyumba, nilikaa karibu na Mama nikamwuliza jambo ambalo ningeweza kukuuliza wewe wakati wowote katika miaka yangu yote: Kulwa alikufaje?

"Kisima cha Shishiyu," Mama alisema. Hakuacha kuchambua. "Udongo ulimwangukia. Baba yako ndiye alikuwa juu, ameshika kamba. Walifukua siku mbili, udongo unashuka tu. Wazee wakasema atakufa mwingine, kifukiwe. Wakamwuliza pacha wake."

"Akasema nini?"

"Akakubali. Angefanya nini? Alikuwa kijana kama wewe." Akatupa kijiwe. "Lakini mpaka amezeeka alikuwa ananiambia, Mama Milembe, tungechimba tundu la pembeni. Tungeshuka hatua kumi kando, tukamfuata kwa ubavu. Tungemtoa, hata kama amekufa, tungemtoa."

Baba, sikuweza kuendelea kukaa pale. Niliingia chumbani kwako. Kompyuta ilikuwa juu ya sanduku lako, umeifunika kwa kitambaa isiingie vumbi. Mchezo ulikuwa umesimamishwa, na mahali ulipousimamisha ndipo nilipojua ulifanya nini siku zile mbili nilizokuwa safarini.

Kumbukumbu za mchezo zilionyesha kwamba ulikuwa umewasimamisha kazi watu wote. Mashamba ya uyoga yalikuwa yamekauka. Jiko ulilizima. Watu wote tisa, mama yako akiwemo, ulikuwa umewapa sururu na kazi moja tu. Kwa kipimo chochote nilichofundishwa, huo ulikuwa usimamizi mbovu usio na mfano. Wangeweza kufa wote. Na upande wa kulia wa handaki nililolifunga, kando kabisa, palikuwa na shimo jipya. Lilianzia juu, likashuka wima, likatobolewa matundu ya kutolea hewa kila baada ya hatua chache, kisha likakata kona likaenda kwa ubavu hadi kule gizani. Lilikuwa limenyooka kama lililopimwa kwa uzi. Nimesoma mipango kwa miaka mitatu, Baba, na sijawahi kuona mchoro mzuri kama ule.

Kulwa hakuwepo tena kule chini. Alikuwa juu, katika chumba chenye taa, ndani ya kaburi ambalo mchezo unaruhusu kujengwa na ambalo mimi sikuwahi kujisumbua kumjengea mtu. Jiko lilikuwa limewashwa upya. Watu walikuwa mezani. Niliyasoma majina moja moja: Limi, Mbula, Shija, Masunga. Nilipofika mwisho nikakuta mtu ambaye sikumwacha humo nilipoondoka. Kila baada ya siku kadhaa mchezo humleta mgeni mmoja, na msimamizi huamua kumpokea au kumkataa. Ulimpokea. Ulimpa jina, na nauona ule mkono wako wa kidole kimoja katika kila herufi: Doto.

Basi ulijua. Uliposema umelala vizuri, uliposimama getini kwa shati la kanisani, ulijua ni nani mwenye haki ya kuandikwa mle, ukajiandika. Nami nilikuwa kwenye basi nikikariri majibu.

Sijaujua vizuri uzito wa kukukosa, kwa sababu bado kuna asubuhi naamka nikitega sikio nisikie kikohozi, na kimya kinanishtua zaidi ya kelele. Mama amelitoa nje lile koti lako la kazi, akalirudisha, akalitoa tena. Watu wananipongeza, maana barua ya ajira imekuja. Ninaanza kazi Jumatatu. Wanasema ungefurahi, nami naitikia, kwa kuwa ni kweli ungefurahi, na kwa kuwa hawajui nilichokuficha kwenye simu.

Uliniuliza nimewaambia nini, nikasema mambo ya uongozi. Waliniuliza, Baba, nitaje uamuzi mgumu niliowahi kuufanya nikiwa na watu chini yangu. Nikawaambia niliwahi kusimamia makazi ya watu kumi katika mradi wa majaribio, hatari ikatokea, nami nikafunga mlango, nikapoteza mmoja, nikaokoa tisa, na kwamba sikutetereka. Sikusema ni mchezo. Sikusema huyo mmoja alikuwa na jina. Mwenyekiti wao aliacha kuandika akanitazama kwa heshima, na nikajua hapo hapo kwamba kazi nimeipata.

Saa ile ile wewe ulikuwa umekaa kwenye kiti cha kamba, huna pumzi, unamfuata Kulwa kwa ubavu.

Kazi nitaifanya. Nimejaribu kuikataa na Mama amenikatalia, akasema huwezi kuzikwa ukiwa na furaha halafu mimi niende kuipokonya. Lakini kila mwezi nitakapoketi kwenye ofisi ile nitakuwa nimekaa juu ya jibu lile, na wewe peke yako ndiye uliyestahili kulisikia kwanza, ndiye pekee niliyeogopa kumwambia. Nimekuambia sasa. Sina namna ya kuona uso wako unavyopokea, na hiyo ndiyo adhabu yangu; sidhani kama ni kubwa mno.

Lala salama, Baba, na umsalimie ndugu yako. Mwambie mtoto wako ameuliza habari zake, japo amechelewa.

Binti yako wa kwanza,
Milembe